Uniti Arobaini na Tano

Kamburu, 4 Juni 1983

Kabale dada yangu,

Salaam aleikum wewe, Mama na watoto. Mimi nipo na kazi ipo. Joto la huku ni la kwetu Isiolo ukiongeza mbu. Ramadhani imekaribia, na tunaofunga hapa kwenye bwawa la stima tumeomba zamu ya asubuhi, bado hatujajibiwa. Mtihani wangu wa fundi daraja la kwanza umewekwa tarehe nane Desemba. Mwambie Mama aniombee, lakini asiwatangazie majirani, nisije nikaanguka nikawa kichekesho cha mtaa mzima wa Wabera.

Sasa jambo lenyewe. Bili ya stima ya nyumba yetu huletwa kwangu huku, nami huilipa bila kelele. Tangu tuwekewe mita miaka miwili iliyopita, nyumba imekuwa ikila uniti arobaini na saba, arobaini na nane, mara moja hamsini. Mwezi wa Aprili ikaandikwa tisini na mbili. Mei, tisini na tatu. Nyumba ni ile ile na watu ni wale wale. Nataka kujua kimeingia nini.

Nitakufundisha kidogo, maana wewe shuleni ulinishinda hesabu na ukanicheka. Tazama kichwa cha kila balbu, kimeandikwa 40 au 60 au 100. Hiyo ni wati. Wati ni kasi ya kula: kitu kikiwashwa, kinakula stima kwa haraka gani. Uniti ni jumla ya kilichokwisha kuliwa. Fikiria ng'ombe kisimani. Mmoja ana pupa, mwingine anakunywa polepole. Hiyo ni wati. Maji yaliyopungua jioni katika birika la kunyweshea, hiyo ni uniti. Wanaoleta bili hawaulizi ni ng'ombe gani alikuwa na pupa, wao wanapima birika tu. Chukua wati za kitu, zidisha kwa saa kinazowaka, gawanya kwa elfu moja. Umepata uniti.

Niandikie kila kitu kinachotumia stima katika nyumba hiyo, na saa zake kwa siku. Ukimsomea Mama barua hii, fungu la hesabu liruke, atasinzia.

Ni mimi ndugu yako,
Ibrae

Wabera, Isiolo, 26 Juni 1983

Kaka Ibrae,

Aleikum salaam. Barua yako ilifika ikiwa imelowa pembe moja, lakini maneno yote yalikuwepo. Denge wangu mdogo ameng'oka jino la mbele na anaongea kama mzee. Binamu zetu wa Biliqo walituletea kibuyu cha maziwa ya ngamia, wanasema malisho si mabaya mwaka huu. Mama anakusalimu, anasema ule vizuri wakati wa daku. Yeye mwenyewe hafungi mwaka huu, ni mambo ya mgongo tu, usijali.

Fungu la hesabu sikuliruka. Nilimsomea lote, akasema ng'ombe mwenye pupa anamkumbusha wewe ulipokuwa mdogo.

Nilipoanza kuhesabu balbu kwa kidole alinikataza. Alisema nisihesabu vitu vya nyumba kama mtu anayetaka kuviuza. Kwa hiyo nilitembea chumba kwa chumba, nikaita kila balbu kwa mahali pake. Saa hizi ni za siku za kawaida, si za Ramadhani. Ya sebuleni ni 60, inawaka saa tano: 300. Ya Mama ni 40, saa tatu: 120. Ya chumba changu na watoto ni 60, saa tatu: 180. Ya jikoni ni 60, saa tatu: 180. Ya nje mlangoni ni 60, saa saba: 420. Halafu ya chumba cha mbele, anachokaa Mungania, yule Mmeru fundi wa kushona uliyempangisha mwenyewe, kodi pamoja na stima. Yake ni 100 kwa sababu ya kuona sindano, saa nne: 400.

Jumla kwa siku ni 1,600. Kwa siku thelathini ni 48,000. Gawanya kwa elfu: uniti 48. Hesabu yangu imetoka, nikafurahi kama ni mimi niliyepita mtihani wako. Redio yetu ni ya betri na pasi yangu ni ya makaa, unazijua.

Zaidi ya hayo sina la kuandika.

Kabale

Kamburu, 17 Julai 1983

Kabale,

Idd njema, ingawa imepita. Nilitaka kuja, lakini tulifungua mtambo mmoja na hakuna aliyeruhusiwa kutoka. Nilikula wali na Dahir, mwenzangu wa chumba, aliyeupika ukawa uji. Mpe Mama pole ya mgongo. Ajipake mafuta ya moto.

Hesabu yako ni safi, mwalimu angekupa alama zote. Lakini bili ni 93, na wewe umenipa 48. Zimebaki uniti 45 ambazo hazina mwenyewe.

Nyumba hiyo niliivutia nyaya kwa mikono yangu. Najua kila msumari. Soketi ni moja tu, na iko chumba cha mbele, maana nilitaka siku moja pawe duka. Kitu chochote kisicho balbu lazima kichomekwe pale, na anayekaa pale ni fundi wa nguo. Fundi wa nguo anahitaji nini? Pasi. Pasi ya stima ni wati elfu moja. Akiitumia saa moja na nusu kwa siku ni 1,500. Kwa siku thelathini ni 45,000. Gawanya kwa elfu: 45. Haikuzidi wala kupungua hata nusu. Hesabu ikitoka hivyo hakuna la kubishana, dada yangu. Tulikubaliana naye balbu moja, hatukukubaliana pasi.

Mimi ninakula mshahara wa stima. Wenzangu wakisikia nyumba yangu inanyonywa na mpangaji, nitaweka uso wangu wapi? Ingia chumbani kwake akiwa hayupo, utafute pasi hiyo, uniandikie.

Ibrae

Wabera, 9 Agosti 1983

Kaka,

Salaam aleikum. Sisi tuko salama. Mvua hakuna, vumbi ndilo tunalokula. Mama yupo.

Pasi ya stima sikuipata kwa sababu haipo. Mungania anapigia pasi ya makaa, na makaa yenyewe huwa ninampa kutoka jiko langu asubuhi, kwa koleo. Majivu yake ninayaona barazani kila siku. Nguo zake nyingine zinanukia moshi mpaka wateja wanamtania.

Halafu nikuulize jambo, wewe mwalimu wangu. Uliandika kwamba wanapima birika tu. Ng'ombe mwenye pupa akinywa kidogo akaondoka, na yule mpole akinywa kutwa nzima, birika si litashuka sawasawa? Basi mbona umemkamata mwenye pupa? Uniti 45 zinaweza kuliwa na kitu kidogo kinachofanya kazi muda mrefu. Hesabu yako inakupa jumla tu.

Mungania ni mtu mwema. Mwezi wa Machi Mama alipoanguka uani, ndiye aliyembeba mgongoni mpaka hospitali, na hakusimulia popote. Sikukuandikia wakati ule kwa sababu Mama aliruhusiwa siku hiyo hiyo. Nakuomba sana usimfanyie kitu. Ngoja kwanza umalize mtihani, halafu tuzungumze.

Mama nilimsomea barua yako yote. Aliomba maji.

Kabale

Kamburu, 30 Agosti 1983

Kabale,

Umemtetea mpangaji kwa ukurasa mzima, na mimi ndugu yako nikapata mistari miwili ya salamu. Mama alianguka Machi na mimi nasikia Agosti. Haya, tumshukuru Mungu kwamba ni kuteleza tu.

Ng'ombe mpole umemwelewa vizuri, sikatai. Kitu cha wati 150 kikifanya kazi saa kumi kwa siku nacho ni 1,500, na mwezi ni 45. Lakini ni kitu gani hicho? Kitu cha namna hiyo ni friji. Nani kati yetu ana friji? Mama anasema maziwa yasiyonuka moshi wa kibuyu si maziwa, na maji baridi yanamuuma meno. Nyama tunamaliza siku ile ile. Friji iweke nini? Ukipanda juu ukishuka chini, unarudi kwa pasi. Pasi inafichika, na wa kuificha ni Mungania.

Nimekwisha mwandikia atoke ifikapo mwisho wa Oktoba. Barua nimeipitisha kwa Shuriye dukani, kwa kuwa sanduku la posta ni lake na Mungania kusoma kunamsumbua.

Ukitaka kubishana nami, bishana kwa mita. Imeandikwa usoni kwamba ile sahani ya ndani ikizunguka mara 600 ni uniti moja. Zima kila swichi unayoijua, usimame mbele yake na saa. Kama hakuna kilichofichwa, sahani itasimama tuli.

Wiki ijayo napelekwa kwenye kituo kingine, upande wa chini wa mto, tunabadilisha vyuma vya mtambo. Sijui nitarudi lini. Barua zitaningoja hapa.

Ibrae

Wabera, 2 Oktoba 1983

Kaka Ibrae,

Salaam aleikum. Nimechelewa, na kwa nini nimechelewa usiniulize. Watoto ni wazima.

Nianze na barua yako kwa Mungania. Shuriye aliisoma kama anavyosoma barua zote, kwa sauti, juu ya meza ya duka. Ilikuwa Ijumaa baada ya swala na watu walikuwa wamejaa wakinunua sukari na majani ya chai. Uliandika neno wizi mara tatu. Mungania alisimama akasikiliza mpaka mwisho, akasema asante, akachukua karatasi yake. Kabla ya magharibi mama mmoja alikuja kuchukua kitambaa chake ambacho hakijakatwa. Kesho yake wakaja watatu. Unajua fundi wa nguo anaishi kwa nini? Watu wanamwachia kitambaa wakiamini kwamba kitarudi chote.

Sasa mita. Wiki iliyopita Mungania alikwenda kwao kwenye mazishi, chumba chake kikawa kimefungwa siku mbili. Nilizima swichi zote, nikasimama na saa ya marehemu mume wangu. Sahani haikusimama, Ibrae. Ilizunguka polepole, mzunguko mmoja sekunde arobaini. Nikapiga hesabu. Saa moja ina sekunde 3,600, kwa hiyo ni mizunguko tisini. Tisini gawanya kwa 600 ni uniti 0.15 kwa saa. Hiyo ni wati 150. Pasi yako ya elfu moja ingezunguka kwa sekunde sita, ningeiona inakimbia.

Ikazunguka hivyo dakika ishirini, kisha ikasimama yenyewe. Ilikaa kimya dakika ishirini na nane. Kisha ikaanza tena yenyewe, na hakuna mtu aliyegusa kitu. Nilisimama pale mpaka miguu ikavimba, na iliendelea hivyo hivyo.

Kuna jambo nimeapishwa nisilitamke wala nisiliandike, nami kiapo changu nakiheshimu. Lakini mita haijaapa. Soma ulivyonifundisha kusoma, na umwandikie Shuriye upesi kuifuta ile barua, kabla mwezi huu haujaisha.

Barua hii nimemsomea Mama kabla ya kuifunga. Alisema hesabu ni hesabu, nikutumie.

Kabale

Wabera, 6 Novemba 1983

Kaka,

Sijapata jibu lako, na sijui kama umesoma au umekasirika.

Mungania ametoka Jumatatu iliyopita, tarehe 31. Chumba amekifagia, ufunguo ameniwekea dirishani. Cherehani aliibeba kwa mkokoteni. Nilimwambia asubiri kidogo, pengine barua iko njiani. Akasema, "Dada, mimi nimesubiri mpaka siku niliyoandikiwa. Hata nikikaa, hakuna mtu analeta kitambaa." Nilimuuliza kwa nini hakujitetea pale dukani, na neno moja tu lingetosha. Akasema, "Hilo neno si langu."

Alikwenda kumuaga Mama chumbani, akakaa kidogo. Sikusikia walichosema. Alipotoka, Mama alijifunika shuka hadi kichwani, na ilikuwa mchana na jua kali.

Sasa yuko Ngaremara, kando ya barabara chini ya bati la mtu, anashona mashuka ya wachungaji. Huko bado hawajasikia habari za pasi.

Kabale

Kamburu, 22 Novemba 1983

Kabale,

Salaam. Nimerudi juzi, nikakuta barua zako mbili pamoja. Ile ya Oktoba nimeisoma mara nne.

Sitaki kuandika kitu kwa haraka. Nilishaandika kwa haraka mara moja. Tungoje mita ya Novemba. Balbu ya Mungania ilikuwa inakula uniti 12 kwa mwezi. Kwa hiyo, kama alikuwa na pasi na ameondoka nayo, nyumba itasoma 36. Kama hakuwa nayo, itasoma 81. Nisomee mwenyewe tarehe thelathini, usingoje bili.

Mtihani ni wiki mbili zijazo. Kitabu kiko mbele yangu, lakini nakitazama tu.

Ibrae

Wabera, 1 Desemba 1983

Kaka,

Tarehe 31 Oktoba mita ilisoma 1658. Jana imesoma 1739. Ni themanini na moja.

Fanya mtihani wako kwanza. Mama anasisitiza hivyo, kwanza mtihani.

Kabale

Kamburu, 27 Desemba 1983

Kabale,

Barua hii umsomee Mama yote, usiruke hata neno. Fungeni mlango kwanza.

Mama, salaam aleikum. Mtihani nilifanya, sikuacha swali hata moja. Majibu yatatoka Februari. Kwa hiyo sasa hakuna tena sababu ya kunificha jambo, naomba unisikilize.

Kuna friji katika kantini yetu hapa, nami ndiye huitengeneza. Niliisimamia na saa. Inanguruma dakika ishirini, inanyamaza karibu nusu saa, inaanza yenyewe. Miezi yote hii nilikuwa naipita kila siku nikienda kunywa chai. Halafu nilimuuliza muuguzi wa zahanati yetu ni dawa gani mtu huiweka baridi nyumbani kwake. Hakufikiri hata kidogo, alisema ni sindano ya ugonjwa wa sukari. Nikakumbuka kwamba hukufunga Ramadhani. Nikakumbuka Machi. Kabale alichelewa kuandika Septemba, na sasa naamini ulikuwa umelazwa. Nililia, Mama, na Dahir akatoka akaniachia chumba.

Najua kwa nini ulimwapisha Kabale. Mwaka wa sabini na tano niliacha chuo mwaka mmoja kabla ya kumaliza, nikaja kumuuguza Baba. Nafasi yangu ikapewa mtu mwingine, nikabeba vyuma miaka mitano kama kibarua. Wewe ulihesabu miaka ile kuliko mimi. Mimi sikuijutia na sitaijutia, lakini najua hukutaka kuwa sababu ya mara ya pili. Kazi sijaacha. Nimeomba likizo ya wiki mbili mwezi wa Februari, na siku ya kurudi imeandikwa.

Sasa Mungania. Nimemdhulumu. Nilijua Shuriye husoma kwa sauti, na nilimpitishia barua kwa sababu hiyo hiyo, nilitaka watu wasikie. Wala hesabu haikunidanganya. Arobaini na tano ilikuwa kweli. Mimi nilichagua nani azile, nikamchagua mtu ambaye si wetu.

Ndani ya bahasha hii kuna barua nyingine, ya kusomwa pale pale dukani. Nimeandika kwamba Mungania hakuiba kitu na kwamba namwomba msamaha. Lakini watu watauliza, kama si yeye, ni nini basi? Nisipotaja, watasema Ibrae ameona haya tu, na vitambaa havitarudi. Nikitaja, nimeutoa ugonjwa wako sokoni, na najua unavyochukia kuhurumiwa. Siwezi kuamua mambo mawili ya watu wengine ndani ya mwaka mmoja. Hili ni lako. Ukisema hapana, Kabale aichome barua, nami nitatafuta njia nyingine.

Mwanao,
Ibrae

Wabera, Isiolo, 21 Januari 1984

Kaka Ibrae,

Salaam aleikum. Kiapo nimefunguliwa, kwa hiyo nitaandika mpaka wino uishe.

Ni kweli yote uliyoandika. Ni sukari, na Septemba alilala hospitali siku tisa. Mwanzo tuliweka dawa ndani ya mtungi wa maji kivulini. Joto la Machi likaiharibu, Mama akaanguka. Niliuza mitamba wangu wawili nikanunua friji kuukuu kwa mwalimu aliyekuwa anahama. Soketi ikawa ni ile yako moja. Mungania alisogeza meza yake bila kuulizwa mara mbili, akaifunika friji kwa kitambaa, na ulipokuja likizo Mei ulipita mlangoni ukamsalimu ukaenda zako. Mama alimuuliza kama anaweza kunyamaza. Akasema anaweza.

Barua yako nilimsomea mlango umefungwa. Akaniambia nirudie. Nikarudia. Kisha hakusema lolote karibu wiki mbili, nami nilikuwa na hasira naye, nakiri, nikampikia bila kuongea. Alhamisi hii akawaagiza wanawake wa maziwa wa Ngaremara wamwambie Mungania kwamba mama wa Wabera anamwita kesho, dukani kwa Shuriye, baada ya swala.

Jana akavaa shuka lake la Idd. Nilidhani anataka nisome barua yako. Nikaichukua.

Duka lilikuwa limejaa vile vile. Mungania alikuwa amesimama nje, kofia mkononi, amekonda. Shuriye alininyooshea mkono apewe barua aisome, Mama akasema, "Wacha karatasi." Unajua Kiswahili chake, kaka. Lakini aliongea, na sijawahi kumsikia akiongea mbele ya wanaume wengi hivyo. Akatoa kichupa cha dawa ndani ya kitambaa alichokuwa amekilowesha maji, akakiinua.

"Mimi iko na ugonjwa ya sukari," akasema. "Hii ni dawa yangu. Hii nataka baridi, ikipata moto inakufa na mimi nakufa. Nilikuwa naweka kwa friji, ndani ya chumba ya huyu fundi. Mimi nilimwambia nyamaza, mtoto yangu asijue. Yeye akanyamaza. Nyinyi mkamwita mwizi, yeye akanyamaza. Hiyo stima nilikula ni mimi."

Akapandisha mkono wa nguo akawaonyesha alama za sindano. Shuriye aliinamisha macho kwenye mizani yake. Mimi nililia hapo hapo na sikujali nani ananitazama.

Mungania alikuja mbele. Nilidhani atasema kitu juu yake mwenyewe, na ilikuwa haki yake. Akamwambia Mama, "Mama, hiyo dawa inashika joto."

Akaichukua mkononi mwake, akaifunga tena ndani ya kile kitambaa chenye maji, na akatembea upesi mpaka nyumbani, mimi na Mama tukiwa nyuma tunashindwa kumfikia. Ufunguo nilimpa mlangoni. Aliiweka dawa mwenyewe, akafunga friji, akasimama akisikiliza mpaka ikaanza kunguruma. Halafu akaketi sakafuni, mahali cherehani yake ilipokuwa, akalia kama mtu aliyefiwa, na Mama akaketi chini kando yake.

Kabale